Kama jibu ni hapana, mfungwa aandikiwe sababu

Mjomba wangu aliitwa akaambiwa ombi lake la parole, yaani kutoka gerezani mapema kwa masharti, halikupita. Basi. Hakupewa karatasi wala hakuelezwa kilichomwangusha.

Kukosa alikosa. Alimkata jirani kwa panga kwenye ugomvi wa mpaka wa shamba la mikorosho huku Tandahimba, na miaka saba aliyofungwa ukoo haukuipinga. Lakini Sheria ya Bodi za Parole ya mwaka 1994, kama ilivyorekebishwa, inamruhusu mfungwa wa miaka minne au zaidi kufikiriwa akishatumikia theluthi moja, mradi kosa lake lisiwe kati ya yaliyotengwa, kama vile dawa za kulevya. Ombi hupitia bodi ya mkoa, likapanda Bodi ya Taifa hadi kwa Waziri wa Mambo ya Ndani. Kote huko mjomba hakuulizwa neno.

Baadaye askari mmoja mwenye utu akamdokeza kwamba kwenye faili imeandikwa kijijini bado wana kinyongo naye. Jamani! Wazee wa koo zote mbili walishakaa, gharama za matibabu tukalipa, na jirani mwenyewe akatia dole gumba kwenye barua ya kusamehe, mtendaji wa kijiji akaigonga muhuri. Barua ile nimeishika mimi. Wino wa dole ulikuwa umesambaa hadi kwenye herufi za mwisho za jina lake. Je, ilifika mezani kwa wajumbe? Mjomba angeonyeshwa ile sentensi, angeijibu papo hapo.

Watu huniambia parole ni hisani, si haki. Sawa, kutoka mapema si haki yake. Kusikilizwa je? Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a), inampa mtu fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu mbele ya mahakama au chombo kingine kinachoamua haki zake. Uingereza nako, mwaka 2013, Mahakama ya Juu iliamua katika kesi ya Osborn kwamba Bodi ya Parole inapaswa kumsikiliza mfungwa ana kwa ana pale haki inapodai hivyo, na si kwa sababu tu huenda akaachiwa: uamuzi unagusa maisha yake, naye ana la kusema.

Nilipokwenda kumtembelea aliniambia, "Mpwa wangu, hapana nimeipokea. Ila nijirekebishe nini?" Nilikosa la kumjibu, na hadi leo linaniuma. Tunamtaka mtu abadilike huku tumemficha kinachomkwamisha.

Nimeandika kuomba sababu kwa maandishi na kutaka barua ya jirani iingizwe kwenye faili. Nakala nimeipeleka Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, tawi la Lindi. Nawe mwenye ndugu gerezani, kila barua unayopeleka itolee nakala, na anayeipokea aandike jina lake na tarehe.