Henry Shefflin, mfalme wa Kilkenny

Jamani mnaopenda michezo, huyu Henry Shefflin wa Ireland lazima mumjue. Alicheza hurling, ule mchezo wa fimbo na kipira kidogo kigumu, tena wachezaji hawalipwi mshahara, jioni unatoka kazini unaenda mazoezi. Klabu yake ilikuwa Ballyhale Shamrocks, ya kijijini kwao, na kaunti yake Kilkenny, huko huhami tu ukafuata pesa, unachezea kwenu. Akiwa na Kilkenny alibeba ubingwa wa Ireland mara 10, wa kwanza kufikisha 10 akiwa uwanjani!

Ila mi kinachonigusa ni 2010, kano ya goti imekatika nusu fainali na bado akaanza fainali na kaunti ya Tipperary, dakika kama 13 tu goti likagoma akatolewa, wakapigwa. 2011 akarudi wakawalipa haohao. Fainali ya 2012 na Galway, mechi iko sare, inakaribia kuisha, wakapata penati, watu wote wanasubiri goli, ambalo ni pointi tatu, yeye akaupitisha mpira juu ya mtambaa wa panya akachukua pointi moja, Galway wakasawazisha, ikarudiwa na Kilkenny wakabeba. Kwangu ule ulikuwa uamuzi sahihi kabisa.

Machi 2015 akabeba ubingwa wa klabu na Ballyhale, mwezi huohuo akastaafu kuchezea kaunti.