Kilichobaki Baada ya Kutoa

“Mjomba, mbona albamu hii inakula megabaiti 350 kwenye simu yako, na kwangu hiyohiyo ni 50?” Swali la mpwa wangu limenirudisha kwenye usiku ule nilipozipambanisha faili mbili za wimbo mmoja wa hip-hop ya majaribio.

Moja ilikuwa FLAC, aina ya faili inayobana sauti bila kutupa chochote, niliyoitoa kwenye CD. Nyingine ni MP3, inayobana kwa kutupa sehemu ya sauti, ya kilobiti 128 kwa sekunde, niliyoitengeneza kutokana na hiyo FLAC. CD yenyewe hubeba kilobiti 1,411 kwa sekunde. Nikaziweka kwenye Audacity, programu ya kuhariri sauti, nikalinganisha mianzo yake, maana MP3 huchelewa kwa sampuli (vipimo vya sauti vinavyochukuliwa maelfu ya mara kwa sekunde) zaidi ya 1,000 programu isipofidia. Kisha nikageuza mawimbi ya moja, ya juu yakawa chini, nikazipiga pamoja. Zingekuwa sawasawa, zingefutana na pangekuwa kimya.

Hapakuwa kimya. Hi-hati, yale matoazi ya ngoma, zilimwagika kama mchanga juu ya bati. Sauti ya rapa ilikuwa imepoteza maneno, zikabaki s na pumzi. Na kila pigo la ngoma ya sneya lilikuwa na mvumo mfupi uliolitangulia! MP3 hukadiria sauti kwa mafungu ya sampuli 576, kama milisekunde 13, na kosa la ukadiriaji husambaa fungu zima, hata sehemu iliyo kabla ya pigo. Yapo mafungu mafupi ya sampuli 192, lakini biti zikiwa chache hayaokoi kila kitu.

Si mabaki yote hayo ambayo sikio lingegundua kuwa yametupwa. Ila kwenye muziki huu mkwaruzo ni kazi ya msanii: E-mu SP-1200 ya 1987, mashine ya kurekodi vipande vya sauti na kuvipiga kama midundo, ilirekodi kwa ubora wa chini, biti 12 na kHz 26.04, na watayarishaji waliitafuta kwa ukali huohuo. Mgandamizo ukiongeza mkwaruzo wake, utajuaje upi ni wa nani?

Nilimwambia mpwa wangu asigeuze MP3 zake kuwa FLAC, kilichotupwa hakirudi. Akague spektramu, mchoro wa masafa ya sauti: MP3 ya 128 mara nyingi hukatika karibu na kHz 16. Lakini asihukumu haraka, kwa sababu vipande vilivyorekodiwa kwa mashine kama SP-1200 vinaweza kuishia chini ya hapo hata kwenye CD halisi. Na atumie hedifoni za waya, kwani Bluetooth kwa kawaida hubana upya.

Kwa kilobiti 320, nikisikiliza bila kuambiwa ipi ni ipi, nyimbo nyingi sizitofautishi. FLAC nimeendelea kuzitunza.