Jengo liliuzwa kodi yangu haijaisha: jinsi nilivyotatua

Nina fremu ya ushonaji Mwanza. Nilishalipa kodi ya mwaka mzima, na bati lililokuwa likivuja nililibadilisha kwa shilingi 640,000. Mwenye nyumba aliandika kwenye mkataba kwamba atanirudishia. Mwezi wa tano akauza jengo. Mnunuzi akaja na kufuli mpya mkononi: "Mama, nakupa siku kumi na nne."

Nilikosea kumdai mnunuzi kila kitu. Wakili wa msaada wa kisheria ndiye aliyenitenganishia mambo mawili, na hapo fundo likafunguka. Haki ya kukaa inabaki na jengo. Mnunuzi alinikuta ndani, cherehani zinalia, hawezi kusema hakujua. Lakini fedha za bati ni deni la aliyesaini, kwa sababu mnunuzi hakuniahidi chochote.

Nikaandika barua mbili. Ya mnunuzi niliambatisha mkataba na risiti za kodi, nikamweleza kwamba akifunga mlango nitakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Ya mwenye nyumba wa zamani nilitaja kifungu cha 73 cha Sheria ya Mikataba, Sura ya 345: fidia ni ya hasara iliyotokana moja kwa moja na kuvunja mkataba, si ya hasara ya mbali. Kwa hiyo nilidai bei ya bati na ufundi tu. Wateja niliodhani nimewapoteza nikawafuta kwenye madai.

Kufuli halikufungwa. Fedha zimelipwa kwa awamu mbili, na nimekaa mpaka kodi ilipoisha.