Nilivyoweza kuwa fundi bomba na mtunzi wa nyimbo za kwaya kwa wakati mmoja

Mi ni fundi bomba hapa Dar, huu mwaka wa 14, na ni mtunzi wa nyimbo za kwaya za kanisa. Vijana watunzi wananiuliza sana, kaka unawezaje vyote viwili, mbona sisi tukishika kazi nyimbo zinakauka? Sa ngoja nieleze yote, kuanzia pale nilipoharibu.

2017 niliacha ufundi. Nikauza mashine yangu ya kuchomea bomba za PPR, zile za plastiki, nikaongezea hela nikanunua kinanda, nikamwambia mke wangu mama, kuanzia sasa ni kutunga tu. Kwaya zetu mnazijua lakini, wanakwaya wenyewe wanachangishana sare na nauli ya kwenda kwenye tamasha, hela ya kumlipa mtunzi itoke wapi? Kwaya moja ilirekodi wimbo wangu na video juu, jina langu halipo popote. Miezi nane nyumba iliendeshwa na vitumbua vya mke wangu na hilo sitalisahau. Ila kilichoniuma zaidi ni kwamba hata nyimbo zenyewe zilikuwa mbaya, yani nakaa kwenye kinanda kichwani ni kodi tu, natunga kitu ninachodhani kuna mtu atakinunua, kiitikio kinatoka hakina roho kabisa.

Nikarudi kwenye bomba kwa mashine ya kuazima kwa fundi aliyenifundisha kazi. Wiki ya pili tu niko chini ya sinki la watu, nimelowa mpaka kifuani, mama mwenye nyumba anaingia jikoni, kumbe ni mwanakwaya wa parokia ya jirani na wamewahi kuimba wimbo wangu. "Mwalimu! Ni wewe?" Nikasema shikamoo mama, nikarudisha kichwa chini ya sinki. Nilijisikia aibu siku nzima, kana kwamba nimekutwa naiba.

Kilichonitoa kwenye ile aibu ni habari za Philip Glass, mtunzi wa Marekani. Huyu alisoma Juilliard, chuo kikubwa cha muziki New York, akaenda Paris kufundishwa na Nadia Boulanger, mwalimu maarufu wa watunzi, si mtu wa kubahatisha, lakini New York alikuwa anahamisha fenicha za watu, anafunga mabomba na kuendesha teksi. Novemba 1976 opera yake, yani mchezo wa kuimbwa, ilipigwa Metropolitan Opera, jumba kubwa la opera la New York, ukumbi ukajaa, na baada ya hapo akarudi kwenye teksi yake kwa sababu onyesho lilimwachia madeni. Alikuwa na miaka 41 ndo akaanza kuishi kwa muziki peke yake. Na kuna siku alikuwa anafunga mashine ya kuoshea vyombo kwenye nyumba ya mtu, mwenye nyumba akatokea, ni Robert Hughes, mchambuzi wa sanaa wa jarida la Time, akashangaa, wewe si Philip Glass, unafanya nini hapa? Glass akamjibu kwamba ndiyo ni msanii, ila wakati mwingine ni fundi bomba pia, amwache amalize kazi. Nilisoma hapo nikamkumbuka yule mama na jiko lake, nikajua kabisa nilitakiwa kumjibu nini. Halafu nikakumbuka hata Enoch Sontonga, aliyetunga mwaka 1897 wimbo uliotupa sisi Mungu ibariki Afrika, alikuwa mwalimu wa shule ya misheni huko Johannesburg na alipiga picha pia. Wimbo haukupungua chochote.

Basi nikapanga upya. Kwanza niliacha kazi za kulipwa kwa siku, nachukua kazi kwa jumla, chumba na choo bei hii, kwa hiyo muda ni wangu na Jumanne na Alhamisi saa kumi jioni naondoka saiti kuwahi mazoezi, mteja nimemwambia tangu siku ya kwanza. Bomba likipasuka kwa mtu saa hizo anaenda kijana wangu ninayemfundisha.

Pili, natunga mikono ikiwa kazini. Bomba la milimita 20 linakaa kwenye mashine ya nyuzi joto 260 kwa sekunde tano, la 25 sekunde saba, ukizidisha linaziba ndani. Mi nahesabu kwa solfa, zile do re mi za kwaya, la 20 ni d r m f s, la 25 nafika mpaka t. Siku nzima ukihesabu hivo, kuna saa sauti inakataa kupanda ngazi, inaruka, inageuka, na hapo ndo wimbo unaanza. Narekodi kwenye simu hapohapo, mdomo tu bila maneno.

Usiku saa tatu watoto wamelala naandika kwenye daftari, besi kwanza, maana besi ikikaa vizuri sauti nyingine zinajua pa kuegemea. Jumamosi naingiza kwenye MuseScore, programu ya bure ya kuandikia nota, kwenye laptop ya mtumba. Jina langu, mwaka na namba ya simu vinakaa juu ya kila ukurasa, na nyimbo nimesajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania.

Unga unanunuliwa na bomba, kwa hiyo wimbo wangu siupindishi kumfurahisha mtu. Teno ikitakiwa kukaa kimya mistari miwili inakaa kimya, hata mwalimu wa kwaya akilalamika.

Sasa hivi nina wimbo wa shukrani, alto ya ubeti wa pili imenisumbua wiki tatu. Jana niko juu ya paa Kimara naunganisha simtanki, ikaja yote. Nimeirekodi na upepo unasikika ndani, Alhamisi naipeleka mazoezini.