Tozo za barabara Ufaransa: piga hesabu kabla ya kuwasha gari

Jamani mnaoshuka kusini kutoka Paris, msikubali tu njia ya kwanza mnayopewa na simu. Pigeni hesabu mara mbili kwenye ViaMichelin, tovuti ya kupanga safari inayoonyesha pia tozo: kupitia Lyon, kisha kupitia Clermont-Ferrand. Kutoka Clermont hadi Béziers, barabara kuu ya A75 ina kilomita zipatazo 340 bila tozo, isipokuwa daraja la Millau. A20 nayo ni bure toka Vierzon hadi Brive. Ila jumlisheni mafuta, maana A75 ina milima mingi. Tiketi unayochukua ukiingia barabara ya tozo isipotee kabisa: ukiipoteza unatozwa safari ndefu kuliko zote za njia hiyo. A13 ya kwenda Normandy haina tena vizuizi vya kulipia tozo. Huko lipa mtandaoni ndani ya saa 72 baada ya kupita, la sivyo faini inakufuata nyumbani.