Shahidi Aliyeketi Chomboni

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa. Somo letu la juma hili ni Waraka wa Pili wa Paulo kwa Wakorintho 8:16–24, aya ambazo wengi wetu huzipita haraka kwa sababu zinaonekana kuwa habari za safari na fedha tu. Paulo anasimamia mchango wa makanisa kwa ajili ya waamini maskini wa Yerusalemu, lakini hataki ushughulikiwe na yeye peke yake. Anamtuma Tito pamoja na ndugu wawili, na mmoja wao amechaguliwa na makanisa yenyewe, ili asiwepo mtu wa kumlaumu kuhusu fedha hizo. Sababu anayoitoa ni fupi: anafikiria yaliyo mema, "si mbele za Bwana tu, ila na mbele ya wanadamu".

Nimekuwa nikilisoma somo hili sambamba na maisha ya Mercedes Gleitze, mwanamke wa Kiingereza aliyezaliwa Brighton mwaka 1900 kwa wazazi waliotoka Ujerumani, akaishi London akifanya kazi ya kupiga taipu, na kila alipopata nafasi akaenda baharini kuogelea masafa marefu. Shabaha yake ilikuwa kuvuka Mlango-Bahari wa Uingereza, maji yanayoitenganisha nchi hiyo na Ufaransa. Mahali penye wembamba zaidi ni kilomita 33 hivi, lakini hakuna anayeogelea kilomita hizo tu, kwa kuwa maji yanapojaa na kupwa mkondo humsukuma mwogeleaji upande, na njia yake hupinda na kurefuka. Mwaka 1926 Mmarekani Gertrude Ederle alikuwa mwanamke wa kwanza kuvuka, kwa muda wa saa 14 na nusu hivi, akimpita kwa karibu saa mbili mwanaume mwenye kasi kuliko wote waliomtangulia. Wapo waliokuwa wakiandika hadharani kwamba mwili wa mwanamke hauwezi kuyahimili maji yale. Mnamo tarehe 7 Oktoba 1927, baada ya majaribio kadhaa yaliyoshindikana, Gleitze naye alifika ng'ambo. Aliondoka pwani ya Ufaransa usiku wa manane na kukanyaga nchi kavu ya Uingereza baada ya saa 15 na dakika 15, akawa Mwingereza wa kwanza wa kike kufanya hivyo.

Furaha hiyo haikudumu hata wiki moja. Siku chache baadaye daktari mmoja, Dorothy Cochrane Logan, alitangaza kwamba amevuka kwa muda mfupi zaidi, akapokea zawadi ya pauni 1,000 kutoka kwa gazeti moja, kisha akakiri kwamba ulikuwa uongo na kwamba sehemu kubwa ya safari aliifanya akiwa ndani ya chombo. Akaeleza kwamba alitaka kuonyesha jinsi ilivyo rahisi kuudanganya umma pale ambapo hakuna usimamizi. Sina hakika kama nimewahi kusikia utetezi wa ajabu kuliko huo: mtu kusema uongo ili kuthibitisha kwamba uongo unawezekana. Hata hivyo hoja yenyewe ilikuwa na ukweli, na aliyeumizwa nayo ni mwenzake. Gleitze alikuwa amevuka akisindikizwa na watu wachache tu, na sasa watu walianza kuuliza ni nani aliyemwona.

Hapo ndipo ninapoomba tutue kidogo. Gleitze hakuwa na kosa lolote. Angeweza kusema kwamba yeye anajua alichokifanya, bahari inajua, na Mungu anajua, na kila neno lingekuwa kweli. Katika makanisa yetu tunalifahamu vizuri jibu la namna hiyo. Mara ngapi, katika kikao cha baraza au cha kamati ya ujenzi, mtu anapoulizwa kwa upole kuhusu stakabadhi ambazo hazionekani, tumesikia maneno "Mungu anajua moyo wangu", na mazungumzo yakaishia hapo? Wengine huenda mbali zaidi na kunukuu Zaburi 105, "Msiwaguse masihi wangu", kana kwamba mkaguzi wa hesabu ni adui wa upako. Ukiisoma Zaburi hiyo yote utaona inawazungumzia mababa waliokuwa wachache na wageni, wakitangatanga kutoka taifa hata taifa, ambao Mungu aliwalinda dhidi ya wafalme. Haimzungumzii mtu mwenye ufunguo wa kabati la sadaka.

Gleitze alichagua njia nyingine. Tarehe 21 Oktoba 1927, majira ya baridi yakikaribia na maji yakiwa ya baridi kali zaidi kuliko wiki mbili zilizotangulia, aliingia tena baharini, safari hii mbele ya waandishi wa habari na mashahidi wengine waliomfuata chomboni. Shingoni alining'iniza saa ndogo ya mkononi aliyopewa na kampuni ya Rolex, ambayo ilikuwa ikitangaza kwamba saa zake haziingizi maji. Katika safari zake ndefu wasindikizaji walizoea kumwimbia na kumpigia muziki, kwa sababu baridi ya bahari humlegeza mtu hatua kwa hatua mpaka akatamani kulala, na anayelala majini hafiki. Aliogelea zaidi ya saa kumi. Mwishoni mwili ulishindwa, fahamu zikaanza kumtoka, wakamvuta na kumpandisha chomboni kabla hajaiona nchi kavu chini ya miguu yake.

Kwa hesabu ya michezo, siku ile alishindwa. Lakini wale waliokuwa chomboni walikuwa wameona kwa macho yao ni mtu wa namna gani, na mvuko wake wa tarehe 7 ukakubaliwa kuwa wa kweli. Jambo hili limenifikirisha kuliko mengine yote. Angalia tulivyo sisi: harambee ikikusudia kiasi fulani na fedha zikapungua, ahadi ambazo hazijalipwa huandikwa katika safu ya fedha taslimu, ili siku ya kusoma taarifa waumini wapige makofi. Tunaogopa kupungukiwa mbele ya watu, kwa hiyo tunawaondoa watu wasione. Gleitze alipungukiwa hadharani, akapandishwa chomboni akiwa hoi mbele ya waandishi wa magazeti, na hilo ndilo lililomrudishia heshima yake.

Mwaka huohuo wa 1927 kiliundwa chama cha kusimamia uogeleaji wa mlango-bahari ule, na desturi zake zinaendelea hata leo. Mwogeleaji huanza akiwa nchi kavu na kumalizia nchi kavu. Chakula na kinywaji hupokea akiwa majini, bila kukishika chombo, na mtu akimshika safari imekwisha. Chomboni huketi mwangalizi anayeandika saa, hali ya bahari, mwogeleaji amekula nini na mikono yake inakwenda kwa kasi gani. Mwangalizi huyo haogelei wala hapewi medali, na anaweza kukaa usiku kucha akitapika kwa mawimbi huku akiandika. Nadhani Paulo angemwelewa mara moja. Yeye mwenyewe, katika sura ya 11 ya waraka huohuo, anataja kwamba amepata kukaa kilindini kuchwa kucha baada ya kuvunjikiwa jahazi, na bado mtu aliyeteseka kiasi hicho kwa ajili ya Injili hakuona kwamba mateso yake yanamwondolea wajibu wa kusindikizwa anapopeleka fedha za watu.

Tukumbuke pia fedha zile zilikuwa za nani. Zilikuwa za maskini wa Yerusalemu. Kama makanisa ya Makedonia na Akaya yangeingiwa na shaka juu ya Paulo, yeye angepoteza jina, lakini watakaolala njaa ni wengine. Kwa Gleitze mambo yalikuwa vivyo hivyo. Tangu alipokuwa London alikuwa na nia ya kuwasaidia watu wasio na makao, na jina lake la uogeleaji ndilo lililokuwa mtaji wa nia hiyo. Mwaka 1928 aliogelea kutoka Hispania hadi Morocco kwa kuuvuka Mlango-Bahari wa Gibraltar, jambo ambalo hakuna aliyejulikana kulifanya kabla yake, na kwa miaka kadhaa akaendelea kuogelea katika nchi mbalimbali. Mwaka 1933 nyumba zenye jina lake zilifunguliwa mjini Leicester kwa ajili ya wanaume na wanawake mafukara. Nyumba hizo zilibomolewa kwa mabomu wakati wa Vita Vikuu vya Pili, lakini mfuko wa msaada ulibaki. Saa ile ya shingoni imeandikwa sana, maana tangazo lake lilijaza ukurasa wa mbele wa gazeti la London mwezi uliofuata. Nyumba za Leicester hazikupata ukurasa wa namna hiyo.

Rudini sasa kwenye aya ya 18 hadi ya 22 mkaitazame orodha ya wasafiri. Tito ametajwa kwa jina. Wale ndugu wawili hawakutajwa. Tunachoambiwa ni kwamba mmoja anasifiwa katika makanisa yote, na mwingine amejaribiwa mara nyingi akaonekana kuwa na bidii.

Kwa maombi ya juma hili, tuwataje mbele za Bwana wahazini wetu, na wakaguzi wa hesabu za usharika wanaobaki ofisini baada ya ibada wakihesabu noti na sarafu wakati sisi tumekwisha kwenda nyumbani kula. Tuwaombee pia wale wanaosemwa vibaya leo kwa sababu ya uongo wa mtu mwingine, ili Bwana awape nguvu ya kukubali kuonwa, na wazee wa kanisa wawe tayari kuketi nao mpaka hesabu zimalizike.