Ndoo Mbili za Harusi ya Dada

Dada yangu mkubwa aliolewa Tanga mwezi wa Agosti, msimu wa machungwa ya Muheza. Mama alishapanga kuagiza kreti za soda. Shangazi, aliyetangulia kufika kutoka Pangani, akakataa katakata: mgeni wa harusi hanyweshwi kitu cha dukani na matunda yamejaa sokoni. Mimi nikapewa kazi ya kumsaidia.

Tulianza usiku wa kuamkia nikahi. Umeme ulikuwa umekatika, wala shangazi hakujali. Pasheni, alisema, haiingii kwenye blenda hata umeme uwepo: zile mbegu nyeusi zikisagika, juisi inachafuka na kushika ukakasi. Tulizikata katikati, tukachota rojo kwa kijiko, tukaisugua na sukari juu ya chujio kwa mgongo wa upawa mpaka mbegu zikabaki kavu.

Kazi yenyewe ilikuwa kwenye mananasi. Yalisuguliwa kwa brashi yakiwa mazima, kisha yakamenywa, na maganda hayakutupwa. Tuliyatia kwenye sufuria kubwa pamoja na tangawizi iliyotwangwa, vijiti vya mdalasini na iliki zilizopasuliwa, tukayafunika kwa maji, tukachochea kuni. Yakachemka mpaka maji yakawa na rangi ya asali na ua mzima ukanukia. Sukari ilitiwa hapohapo, maji yakiwa ya moto, maana kwenye juisi baridi sukari hutuama chini ya ndoo, na mgeni wa mwisho ndiye anayekunywa shira. Maji yale ndiyo yaliyobeba ladha yote. Hadi leo nikipewa kwenye shughuli juisi iliyokorogwa kwa unga wa rangi, nasikitika kweli.

Machungwa tuliyaacha hadi asubuhi, kwa sababu juisi yake ikilala huingia uchungu. Ya Muheza hubaki na ganda la kijani hata yakiiva, ukiyapasua ndipo unaona utamu wake ulivyojificha.

“Usilikamue mpaka ganda, mwanangu,” aliniambia. “Ukifika kwenye weupe umeshaharibu.”

Tukachanganya kwenye ndoo mbili za lita 20, ndimu ikaja mwisho, kidogo kidogo, huku akionja. Barafu aliiosha na kuitumbukiza ikiwa bado imefungwa kwenye mifuko yake, ili ikiyeyuka isizimue juisi.

Kabla hata bwana harusi hajafika, alichota jagi kubwa akalipeleka uani kwa wapishi, waliokesha na masufuria ya pilau. Baadaye, ndoo zilipokauka, bibi mmoja wa upande wa bwana harusi akamtuma mjukuu wake kuulizia kama kuna iliyobaki.

“Mwambie bibi imekwisha,” shangazi alijibu, “ila aje jikoni nimwelekeze inavyotengenezwa.”

Akaja kweli, na kanga zake za sare. Wakakalia mbuzi za kukunia nazi, wakazungumza maganda ya nanasi mpaka bibi harusi alipotolewa.